Kuiponya Nchi: Lugha ya Uhifadhi katika Maandishi ya Steven Feierman

Katika kitabu chake Peasant Intellectuals (1990), mwanahistoria Steven Feierman anaifafanua historia ya Usambara, kaskazini-mashariki mwa Tanzania, kwa kufuata kauli mbili za Kishambaa: kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, na kubana shi, yaani kuiharibu. Neno shi haliishii kwenye udongo. Kama lilivyo neno nchi katika Kiswahili, hukusanya ardhi, watu na utawala wao. Mfalme wa Kikilindi aliaminiwa kuwa na uwezo wa mvua. Watawala walipogombana, ukame na njaa vilihesabiwa kuwa matokeo ya ugomvi huo.

Serikali ya kikoloni ilipoanzisha mradi wa kuzuia mmomonyoko huko Mlalo mwaka 1946, kisha kuupanua katika milima ya Usambara, ilizungumzia udongo peke yake. Wakulima waliamriwa kutengeneza matuta kwenye miteremko, kazi iliyowaelemea hasa wanawake, na machifu ndio waliosimamia amri hiyo. Upinzani uliofuata ni rahisi kuuita ukaidi. Feierman anausoma kuwa hoja, na ushahidi wake unatosha: chifu anayewabana watu badala ya kuwaletea neema anaiharibu nchi. Mradi ulikufa kabla ya uhuru.

Nyaraka za sera za leo bado husema “uhifadhi wa ardhi” kana kwamba istilahi hiyo haimgusi mtawala. Msikilizaji wa Kishambaa anaweza kuuliza kwanza ni nani anayehifadhi, na kwa mamlaka gani.