Nyumba ya Milioni 10 Hulipwa kwa Milioni Ngapi?

Leo tuzungumze habari za mkopo wa nyumba. Huu si mkopo wa kilo mbili za sukari dukani, ambao unaulipa mwisho wa mwezi. Huu ni mkopo wa miaka 10, 15 au hata 20. Mtu anaweza kutia sahihi mtoto wake akiwa mgongoni, akamaliza kulipa mtoto yule naye ana mtoto.

Tuchukue mfano. Mzee mmoja na mkewe wanaishi kijijini. Wana nyumba ya bati na shamba la ekari nne, na wana hati ya hakimiliki ya kimila. Mtoto wao ni mwalimu mjini. Jumamosi moja mwalimu anakuja nyumbani na karatasi za benki.

"Shikamoo Baba, shikamoo Mama."

"Marahaba mwanetu. Habari za huko?"

"Njema. Baba, benki wamekubali kunikopesha shilingi milioni 10 nimalizie nyumba yangu. Kila mwezi watakata shilingi 131,679 tu. Mshahara wangu unaweza. Wanachotaka ni dhamana. Nimekuja uniwekee nyumba hii na shamba."

Baba ameshashika kalamu. Lakini Mama, ambaye alijifunza kusoma na kuhesabu katika darasa la kisomo, anauliza:

"Watakata kwa miezi mingapi?"

"Miaka 20, Mama."

"Sikukuuliza miaka. Nimeuliza miezi."

Mwalimu anafikiri kidogo. "Miezi 240."

Mama anachukua daftari. Anazidisha 131,679 kwa 240. Anapata 31,602,960. Anarudia hesabu, maana anadhani amekosea. Jibu ni lile lile. "Mwanangu," anasema, "umekopa nyumba moja, lakini unalipa nyumba tatu!"

Mama hakukosea. Na benki nayo haikumwibia mtu. Hiyo ndiyo hesabu ya mkopo wa miaka 20 kwa riba ya asilimia 15. Hapa Tanzania, katika miaka ya karibuni, mabenki mengi yametoza riba ya mikopo ya nyumba kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Kwa hiyo mfano wetu ni ule wa riba nafuu!

Sasa tuone pesa hizo zinakwenda wapi.

Asilimia 15 maana yake ni kwamba kwa kila shilingi 100 unazodaiwa, unalipa shilingi 15 kwa mwaka kama kodi ya pesa ya watu. Kwa milioni 10, riba ya mwaka mzima ni shilingi 1,500,000. Gawanya kwa miezi 12. Unapata shilingi 125,000. Hiyo ni riba ya mwezi wa kwanza.

Mwalimu analipa 131,679. Toa riba, 125,000. Inabaki 6,679. Hizo 6,679 tu ndizo zinazopunguza deni. Mwisho wa mwezi wa kwanza bado anadaiwa shilingi 9,993,321.

Mwezi wa pili riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki. Ni shilingi 124,917. Toa katika rejesho. Zinabaki 6,762. Deni sasa ni 9,986,559. Umeona? Kila mwezi riba ndiyo inayonawa mikono kwanza na kula. Deni lenyewe linapewa makombo.

Makombo hayo huongezeka, lakini polepole sana. Baada ya mwaka mmoja mwalimu amelipa zaidi ya milioni moja na nusu. Deni limepungua kwa shilingi kama 86,000 tu. Baada ya miaka 5 amelipa shilingi 7,900,740, na bado anadaiwa kama milioni 9 na laki 4. Watu wengi wakifika hapo huenda benki kwa hasira. Wanasema, "Nimelipa karibu milioni 8, mnanidaije milioni 9?" Karani anawaonyesha karatasi, nao wanarudi nyumbani hawajaelewa. Kosa si la karani. Mtu hakuelezwa siku ya kwanza, au alielezwa kwa haraka huku akiwaza bati na saruji.

Deni la mwalimu wetu litafika nusu, yaani milioni 5, lini? Wengi watasema mwaka wa 10, kwa sababu 10 ni nusu ya 20. Sivyo. Litafika nusu katika mwaka wa 16. Mwaka wa 10 ukiisha atakuwa bado anadaiwa zaidi ya milioni 8.

Jambo hili lina hatari kubwa. Akiugua au akiachishwa kazi mwaka wa 6, benki haitazami ni kiasi gani ameshalipa. Inatazama ni kiasi gani kimebaki. Na kilichobaki ni karibu chote. Asipoweza kulipa, mwenye dhamana ataletewa notisi ya maandishi, na ikipita bila kulipwa, nyumba ile ya bati na lile shamba la ekari nne vinaweza kupigwa mnada.

Haya, tufanye nini? Tusikope kabisa? Hapana, hatusemi hivyo.

Tutazame kwanza kitu kinachofanya mkopo uwe ghali. Wengi wanatazama riba peke yake. Riba ni kweli inauma, lakini miaka nayo inauma, na hiyo watu hawaioni. Chukua mkopo ule ule wa milioni 10, riba ile ile ya asilimia 15. Ukilipa kwa miaka 20, rejesho ni 131,679 kwa mwezi, na jumla yote ni shilingi milioni 31 na laki 6. Ukilipa kwa miaka 15, rejesho ni 139,959, na jumla inashuka mpaka milioni 25 na laki 2. Kwa miaka 10 rejesho linapanda mpaka 161,335, lakini jumla ni milioni 19 na laki 4 hivi. Kwa miaka 5 rejesho ni 237,899, na jumla ni milioni 14 na laki 3 hivi.

Soma tena hapo penye miaka 20 na miaka 15. Tofauti ya rejesho ni shilingi 8,280 kwa mwezi. Ni kama shilingi 276 kwa siku. Lakini mtu anayeongeza hizo 8,280 kila mwezi anamaliza deni miaka 5 mapema, na anaokoa zaidi ya shilingi milioni 6 na laki 4. Mimi mwenyewe nilipopiga hesabu hii mara ya kwanza sikuiamini. Niliirudia mara tatu. Sababu yake ni hii: kila shilingi ya ziada haigawani na riba. Riba imeshakula. Ile ya ziada yote inakwenda kukata deni, na deni likikatwa, riba ya mwezi unaofuata inapungua.

Kwa hiyo mtu akikuambia, "Nitakupunguzia rejesho, nikuongezee miaka," ujue hajakupunguzia bei. Amekuongezea.

Zamani mambo ya miaka 20 hayakusikika sana kwetu. Baada ya Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanza miaka ya 1970, kuanguka mwaka 1995, ilikuwa vigumu kwa muda mrefu mtu wa kawaida kupata mkopo wa nyumba. Watu walijenga kidogo kidogo: mwaka huu msingi, mwaka ujao kuta, bati baadaye. Mwaka 2008 ikatungwa sheria ya mikopo ya nyumba. Mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya kuyapa mabenki fedha za muda mrefu, ijulikanayo kama TMRC. Tangu hapo miaka ya kulipa imerefuka. Hilo ni jambo jema kwa yule ambaye rejesho kubwa lingemshinda. Lakini miaka mirefu ina bei yake, na bei hiyo haiandikwi kwenye tangazo.

Tena kuna njia mbili za kuhesabu riba, na hapa wengi hupotea. Njia ya kwanza ni ile tuliyoieleza: riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki. Njia ya pili, riba inahesabiwa juu ya mkopo wote kila mwaka, hata kama umeshalipa nusu. Njia hii hutumiwa zaidi na wakopeshaji wadogo. Wote wawili watakuambia "asilimia 15", lakini si kitu kimoja. Kwa milioni 10 na miaka 5, njia ya kwanza unalipa jumla kama milioni 14 na laki 3. Njia ya pili unalipa milioni 17 na nusu, na rejesho ni shilingi 291,667 badala ya 237,899. Usiulize, "Riba ngapi?" tu. Uliza, "Riba hiyo ni juu ya deni lililobaki au juu ya mkopo wote?"

Uliza pia kama riba inaweza kubadilika. Mikataba mingine inairuhusu benki kupandisha riba katikati. Mkopo wa mwalimu ungekuwa wa asilimia 18 tangu mwanzo, rejesho lingekuwa 154,331. Ni shilingi 22,652 zaidi kila mwezi, na mshahara ni ule ule.

Kisha kuna gharama za pembeni: ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini anayekuja kutazama nyumba, bima, mwanasheria, na uandikishaji wa rehani. Mara nyingine zinakatwa kwenye mkopo wenyewe. Unatia sahihi ya milioni 10, unapokea pungufu, lakini riba unalipa juu ya milioni 10.

Lazima tuseme na upande wa pili. Mwalimu yule anapanga chumba mjini. Kama kodi ni shilingi 60,000 kwa mwezi, kwa miaka 20 ni shilingi 14,400,000, na mwisho wake hana hata tofali. Akihamia kwenye nyumba yake, kodi hiyo anaiokoa. Tena shilingi ya mwaka wa 15 haitakuwa na nguvu kama shilingi ya leo, na pengine mshahara utakuwa umepanda. Kwa hiyo milioni 31 zile hazina uzito sawa na milioni 31 za kutoa leo mkononi. Mkopo unaweza kuwa na maana. Ila mtu aingie akijua bei, kama anavyojua bei ya ng'ombe kabla ya kufungua kamba.

Turudi kwa Mama na daftari lake. Wako wanaodhani mambo haya ni ya Baba peke yake. Sheria haisemi hivyo. Nyumba ambayo mume na mke wanaishi haiwezi kuwekwa rehani bila ridhaa ya mwenzake. Mama ana haki ya kusoma karatasi, na ana haki ya kukataa. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kuwalinda watumiaji wa huduma za fedha nazo zinamtaka mkopeshaji amweleze mkopaji masharti na gharama kabla ya kutia sahihi. Karatasi ikiwa ya Kiingereza, omba ufafanuzi kwa Kiswahili. Chukua nakala nyumbani, ulale nayo usiku mmoja au miwili. Karani mzuri hatakasirika.

Katika mfano wetu, Baba aliweka kalamu chini. Wazazi walimwambia mwalimu arudi benki na maswali manne yaliyoandikwa na Mama. Jumla yote nitakayolipa ni kiasi gani? Riba inaweza kupanda? Nikilipa zaidi ya rejesho, hiyo ziada inakata deni, au mna faini ya kulipa mapema? Je, mtakubali dhamana ya nyumba yangu ninayojenga, badala ya nyumba ya wazazi?

Mwalimu alirudi baada ya wiki mbili. Benki ilikubali milioni 6 kwa miaka 10, dhamana ikiwa kiwanja chake na nyumba aliyoianza. Rejesho ni shilingi 96,801. Jumla yake haifiki milioni 11 na laki 7. Vyumba viwili atavimalizia baadaye kwa mshahara, kidogo kidogo, kama walivyojenga wazazi wake.

Neno moja limebaki, nalo husahauliwa. Siku ya kulipa rejesho la mwisho, usiondoke benki na furaha tu. Omba barua inayosema deni limekwisha. Dai hati yako irudishwe mkononi mwako. Halafu hakikisha rehani imefutwa kwenye daftari la ardhi, maana isipofutwa, hata miaka 10 baadaye nyumba yako itasomeka kuwa bado iko rehani.