Upelelezi na Sayansi katika Lugha Moja: Mfano wa Fred Hoyle na Funzo Lake kwa Kiswahili

Utangulizi

Mwaka 1957 zilichapishwa kazi mbili zilizobeba jina la mtu mmoja. Ya kwanza ilikuwa makala ya kurasa 104 katika jarida la Reviews of Modern Physics la Marekani, iliyoandikwa na Margaret Burbidge, Geoffrey Burbidge, William Fowler na Fred Hoyle. Makala hiyo ilieleza namna elementi nyingi za kikemia zinavyoundwa ndani ya nyota, na hadi leo inahesabiwa kuwa miongoni mwa nguzo za elimu ya falaki. Ya pili ilikuwa riwaya ya kusisimua iitwayo The Black Cloud, yaani 'Wingu Jeusi', ambayo Hoyle aliiandika peke yake. Makala ilikusudiwa wataalamu. Riwaya ilimkusudia hata msomaji ambaye hajafungua kitabu cha fizikia tangu aondoke shuleni.

Aghalabu kazi za namna hizi mbili hutenganishwa. Sayansi huhesabiwa kuwa kazi ya akili, ilhali riwaya ya kusisimua huchukuliwa kuwa burudani ya kupitishia wakati. Mhadhara huu unakusudia kuonyesha kwamba, kwa upande wa lugha, mgawanyo huo una kasoro. Anayepeleleza mauaji na anayechunguza nyota hutumia msamiati ulio jirani sana, na hoja zao huenda kwa mwendo unaofanana. Hata hivyo, pana mahali ambapo njia zao huachana, na hapo ndipo mwandishi wa sayansi kwa Kiswahili anapopaswa kuwa mwangalifu kuliko penginepo pote.

Mtu na Kazi Zake

Fred Hoyle alizaliwa tarehe 24 Juni 1915 huko Bingley, Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza, na alifariki tarehe 20 Agosti 2001. Alisoma na kisha kufundisha katika Chuo Kikuu cha Cambridge, ambako mwaka 1958 alipewa uprofesa wa elimu ya falaki. Mwaka 1950 alitoa mfululizo wa mazungumzo katika redio ya BBC kuhusu ulimwengu na asili yake. Mazungumzo hayo yalichapishwa mwaka huo huo kuwa kitabu, The Nature of the Universe, na mwaka 1955 kikafuata kingine, Frontiers of Astronomy. Vyote viwili viliandikwa kwa ajili ya wasomaji wasio wataalamu.

Riwaya nazo hazikuwa chache. Baada ya The Black Cloud alitoa Ossian's Ride mwaka 1959, ambayo mhusika wake mkuu ni kijana msomi anayetumwa Ireland kupeleleza siri za shirika moja la viwanda. Mwaka 1961 yeye na John Elliot walitunga A for Andromeda, tamthilia ya televisheni ya BBC ambamo mawimbi ya redio yanayonaswa kutoka angani hugunduliwa kuwa ni maelekezo ya kuunda kompyuta. Riwaya nyingine kadhaa alizitunga pamoja na mwanawe, Geoffrey Hoyle.

Mwendo wa Hoja

Katika The Black Cloud, taharuki haijengwi kwa bastola wala kwa nyayo gizani. Huko California, mtaalamu kijana analinganisha picha za sehemu moja ya anga zilizopigwa nyakati mbili tofauti, na anaona kwamba doa jeusi lisilo na nyota limepanuka. Huko Uingereza, wachunguzi wengine wanaona kuwa sayari hazipo mahali ambapo hesabu zinasema zingepaswa kuwapo. Kila upande una dalili yake na haujui ya mwenziwe. Dalili hizo zinapokutanishwa, zote zinaelekeza kwenye jambo moja: wingu kubwa la gesi linajongea kuelekea jua.

Swali linalofuata ni lile ambalo kila msomaji angeliuliza: litafika lini? Jibu halihitaji elimu kubwa. Iwapo upana wa doa umeongezeka kwa asilimia 5 katika mwezi mmoja, nalo wingu lenyewe halijatanuka, basi umbali wake umepungua kwa karibu asilimia 5. Likiendelea na kasi ile ile, litafika katika muda wa takriban miezi 20. Mwanafunzi wa sekondari aweza kuifanya hesabu hiyo kwa kalamu na karatasi. Hesabu ya namna hiyo ndiyo inayomtia msomaji wa riwaya hofu, kwa kuwa baada ya kuifuata hawezi tena kuikwepa.

Mwendo huo huo wa hoja Hoyle alikuwa ameutumia katika jambo la kweli mwaka 1953. Kaboni huundwa ndani ya nyota viini vitatu vya heliamu vinapoungana. Tatizo lilikuwa kwamba, kwa hesabu za wakati ule, muungano huo ungetoa kaboni kidogo mno, ilhali kaboni imejaa katika miti, katika makaa na katika miili ya viumbe vyote. Hoyle alianza na kile kinachoonekana, akarudi nyuma hadi kwenye chanzo chake: kwa kuwa kaboni ipo kwa wingi, sharti kiini chake kiwe na hali maalumu ya nishati, karibu elektronivolti milioni 7.65, inayourahisisha muungano huo. Aliwasihi wataalamu wa maabara huko California waitafute. Ward Whaling na wenzake waliitafuta, wakaiona mahali pale pale alipoitabiri. Mpelelezi wa riwaya hufanya vivyo hivyo: huukuta mlango umefungwa kwa ndani na mtu amekufa, kisha hujiuliza ni jambo gani lililopaswa kuwapo hata haya yakatokea.

Msamiati wa Pamoja

Mtu anayedhani kwamba Kiswahili kingali mbali na hoja za namna hii atazame maneno yake ya kila siku. Dalili ni neno la tabibu anayetazama ugonjwa, la mkulima anayetazama anga, na la mpelelezi anayetazama chumba cha mauaji. Ushahidi ulikaa mahakamani kabla ya kuingia maabara. Dhana ina asili ya Kiarabu na ina maana ya kukisia. Kumdhania mtu ni kumshuku, ilhali katika maandishi ya kitaaluma dhana ni wazo linalojengwa akilini ili lipimwe. Neno uchunguzi nalo lina jamaa yake, chungulia, na humaanisha kutazama kwa makini kilichositirika. Polisi hulitumia kwa kesi, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kililitumia kwa elimu, katika jina la Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili, kabla taasisi hiyo haijawa sehemu ya Taasisi ya Taaluma za Kiswahili mwaka 2009.

Msamiati huu haukuzoeleka kwa kamusi peke yake. Riwaya ya upelelezi imekuwa mojawapo ya shule zake. Mohammed Said Abdulla wa Zanzibar, aliyepata kuwa mkaguzi katika idara ya afya kabla ya kuwa mhariri, alichapisha Mzimu wa Watu wa Kale mwaka 1960. Mhusika wake, Bwana Msa, hakubali kwamba kifo kimeletwa na mzimu kwa kuwa tu watu wote wanasema hivyo. Huuliza nani alikuwa wapi, saa ngapi, na nani aliona. Kwa njia hiyo, wasomaji wa Kiswahili walijifunza kutofautisha kauli na ushahidi katika kitabu walichokisoma kwa raha, bila mtu kuwaambia kwamba wanafundishwa mantiki.

Sarufi Tatu

Pamoja na msamiati, ipo sarufi. Kiswahili kina njia bayana za kuonyesha uhusiano wa msemaji na jambo analolisema, na tatu kati ya hizo zinahusika hapa.

Ya kwanza ni sarufi ya masimulizi, ambayo hutegemea kiambishi -ka-: wingu likafika, jua likafifia, baridi ikaingia majumbani. Kila tendo hulivuta tendo linalofuata, na msomaji hana nafasi ya kuhoji. Ya pili ni sarufi ya kanuni, ambayo hutegemea hu-: gesi ikipashwa joto hutanuka. Hapa hapasimuliwi tukio lolote. Panatajwa jambo linalotokea kila mara sharti lake likitimia. Ya tatu ni sarufi ya makisio, inayotumia -nge- na -ngali-: lau kiini cha kaboni kisingalikuwa na hali ile, kaboni isingalipatikana kwa wingi. Katika sentensi hiyo mwandishi anatembea mahali ambapo hakuna aliyefika, na viambishi vinamwarifu msomaji hivyo.

Mwandishi hodari wa sayansi kwa umma huzihitaji zote tatu. Akishikilia hu- peke yake, maandishi yake yatakuwa kama orodha ya amri. Akishikilia -ka- peke yake, atakuwa ametunga ngano, hata kama kila jambo alilolitaja ni la kweli.

Mahali Njia Zinapoachana

Mtunzi wa riwaya humjua muuaji kabla ya kuandika sura ya kwanza. Dalili zote amezipanda mwenyewe, na za uongo amezipanda pia. Mchunguzi wa maumbile hana faida hiyo. Hakuna aliyeficha jibu mwishoni mwa kitabu, na huenda dalili nzuri kuliko zote ikawa ya kupotosha.

Maisha ya Hoyle yenyewe ni ushahidi wa jambo hilo. Mwaka 1948 yeye, Hermann Bondi na Thomas Gold walitoa nadharia kwamba ulimwengu hauna mwanzo na kwamba sura yake kwa jumla haibadiliki. Tarehe 28 Machi 1949, akizungumza redioni, aliieleza nadharia iliyopingana na yake kwa maneno mawili mafupi ya Kiingereza, na maneno hayo yakawa jina lake duniani kote. Kiswahili hulitafsiri jina hilo kuwa Mlipuko Mkuu. Hivyo nadharia hiyo ilipata jina lake kutoka kwa mtu asiyeiamini, na jina lenyewe lina upungufu: neno mlipuko humfanya msikilizaji awaze bomu lililopasuka mahali fulani, ilhali kinachoelezwa ni kutanuka kwa nafasi yenyewe. Mwaka 1964 Arno Penzias na Robert Wilson walinasa mnururisho hafifu unaotoka pande zote za anga, nao ukaifanya nadharia ya Hoyle ikose wafuasi wengi. Hoyle mwenyewe hakuikubali ile nyingine hadi alipofariki.

Mwaka 1979, yeye na Chandra Wickramasinghe walichapisha Diseases from Space, kitabu kinachodai kwamba magonjwa ya mlipuko kama vile mafua makali huletwa na vijidudu kutoka angani. Wataalamu walio wengi waliyakataa madai hayo. Hata hivyo, kalamu iliyoyaandika ilikuwa ile ile, na mwendo wa hoja ulikuwa ule ule wa kutoka kwenye dalili kwenda kwenye chanzo. Msomaji mwenye lugha peke yake asingeweza kuutofautisha utabiri wa mwaka 1953 na dai la mwaka 1979. Tofauti ilikuwa nje ya ukurasa: katika jambo la kwanza maabara iliulizwa, ikajibu ndiyo.

Hitimisho

Kiswahili kina istilahi. Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia ilitolewa na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili tangu mwaka 1990, na nyingine zimefuata. Lakini istilahi hukomaa zinapoingia katika sentensi, na sentensi hukomaa zinapoingia katika vitabu ambavyo watu huvisoma bila kulazimishwa na mtihani. Kwa hiyo mwanasayansi wa Afrika Mashariki anayetunga riwaya ya kusisimua hapotezi wakati wake. Anaifanyia lugha kazi ambayo kamati ya istilahi haiwezi kuifanya.

Sharti moja lakini limfunge. Kila anapovuka kutoka katika jambo lililothibitishwa kwenda katika jambo linalodhaniwa, lugha yake ionyeshe kwamba amevuka. Maneno huenda, yaelekea, inakisiwa na imethibitika si mapambo, na kuyachanganya si kosa dogo la mtindo. Wakati wa janga la UVIKO-19 mwaka 2020, jumbe za tiba za uvumi zilisambaa kwa simu katika Kiswahili fasaha, zikiwa na taharuki yote ya hadithi nzuri na bila hata huenda moja. Waliozisoma hawakukosa lugha ya kuelewa. Walikosa mazoea ya kudai ushahidi kutoka kwa lugha wanayoielewa.

Wahenga walisema, dalili ya mvua ni mawingu. Methali hiyo hunukuliwa mara nyingi kana kwamba inahakikisha mvua. Ikisomwa vizuri, haisemi hivyo: inasema kwamba mawingu ni dalili, na inamwachia mkulima kazi ya kuendelea kutazama juu.