Hata Warumi walikuwa na Chang'ombe yao

Mie nipo Chang'ombe, Dodoma. Juzi gari la kunyonya vyoo lilikuja kwa jirani likashindwa kupita, uchochoro mwembamba kama njia ya mbuzi. Likageuza. Choo kimejaa, mvua inanukia. Vijana wakaanza: "Si ndo mji mkuu huu? Mipango iko wapi?"

Mipango ipo jamani, tena ya siku nyingi. Dodoma ilichaguliwa kuwa makao makuu mwaka 1973, ikaundwa CDA, yaani Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu. Mwaka 1976 ikatoka ramani kuu iliyochorwa na kampuni ya Canada: makazi ya kutembea kwa miguu, njia za mabasi, kila kitu. Tatizo ni kwamba watu walikuja haraka kuliko viwanja vilivyopimwa, na wengi hawakumudu gharama zake. Wakajijengea walipoweza.

Sasa niwapeleke kwa Warumi. Afrika hii hii, Algeria, kuna magofu ya Timgad, mji walioujenga mwaka 100 BK kwa ajili ya wanajeshi wastaafu. Wapimaji wao walitumia groma: msalaba wa mbao juu ya mti, kamba nne zenye vizito zinaning'inia. Unachungulia kamba kwa kamba, unapata mstari ulionyooka na kona ya mraba. Barabara za Timgad zikakaa kama ubao wa drafti, majitaka yakapita kwenye mitaro chini yake.

Ila msiwasifu sana. Mji ulipojaa ukamwagika nje ya ule mpango, na huko nje mitaa ikajengwa ovyo ovyo. Mnaona eeh?

Kwa hiyo kuchora mara moja hakutoshi. Upimaji lazima utangulie watu, kila mwaka. Ukichelewa, kinachobaki ni urasimishaji: mitaa inapimwa watu wakiwa ndani, na kila mwenye nyumba anamega kipande kupisha njia.

CDA ilivunjwa 2017, kazi zake zikaenda halmashauri, na 2018 Dodoma ikawa jiji. Lakini uchochoro wetu hausubiri jiji. Mie nishakubali kusogeza uzio wangu wa michongoma mita moja. Jirani wa ng'ambo anasema aanze mwenye nyumba kubwa.

Wewe mdau ungemega? Tupia maoni hapo chini.