"Biashara ya nje italeta kazi": kipande ambacho hakitajwi jukwaani

1/ Kila kampeni hapa Voi tunasikia mambo mawili. Mmoja: "Tufungue soko la nje, vijana wapate kazi." Mwingine: "Tuzuie bidhaa za nje, kazi zisipotee." Mimi nasomea sayansi ya siasa, na leo sisemi nani yuko sahihi. Wote wanaruka kitu kimoja: kutafuta kazi kwenyewe.

2/ Nadharia nyingi za zamani za biashara zilichukulia kwamba ukipoteza kazi huku, unaipata kule papo hapo. Wachumi Carl Davidson na Steven Matusz wa Michigan State wakauliza: na ule muda wa kutafuta je? Wakauingiza kwenye hesabu ya sera ya biashara. Nadharia yenyewe ya kutafuta kazi iliwapa Diamond, Mortensen na Pissarides Nobeli ya uchumi 2010.

3/ Tulete nyumbani. Tuseme bei ya mkonge imeshuka ng'ambo, na shamba moja huku Taita Taveta limepunguza watu. Wakati huohuo viwanda vya nguo Athi River vinaajiri, kwa sababu ya AGOA, ile sheria ya Marekani ya 2000 iliyofungulia nguo zetu soko bila ushuru. Kwenye hotuba: kazi moja imeenda, moja imekuja. Sare, si ndio?

4/ Hapana. Mkata mkonge hajawahi kukalia cherehani ya kiwandani. Kutoka Voi hadi Athi River ni karibu kilomita 300. Kuna nauli, pa kulala, kopi za vyeti. Halafu anafika getini: "Leo hatuchukui watu." Gharama hiyo yote inatoka mfukoni mwake, na haimo kwenye hotuba.

5/ Inaweza kupunguzwa? Addis Ababa watafiti walijaribu. Vijana wengine walipewa nauli, wengine wakafunzwa kuomba kazi na kupewa vyeti vya kuonyesha uwezo wao. Nauli ilisaidia kwa muda mfupi. Miaka 4 baadaye, waliofunzwa walikuwa na kipato kikubwa kuliko wasiosaidiwa.

6/ Kwa hivyo mgombea akikuahidi kazi za biashara ya nje, muulize: Zitakuwa wapi? Zinataka ujuzi gani? Na yule anayepoteza yake leo, nani atamshika mkono hadi apate nyingine? Akijibu "soko litajipanga", jua bili umeachiwa wewe.