Kamba ya Songea na Haki ya Kusamehe

Msafiri atokaye Mbamba Bay, ufukweni mwa Ziwa Nyasa, hupita Mbinga kisha akafika Songea, lilipo kaburi la pamoja la mashujaa wa Majimaji. Tarehe 27 Februari 1906, Wajerumani waliwanyonga hapo viongozi wa Wangoni, akiwamo Nkosi Mputa Gama. Nduna Songea Mbano aliuawa baadaye, na mji ukabaki na jina lake.

Namna za kuua kwa hukumu ni nyingi. Socrates wa Athens alinyweshwa sumu. Ufaransa ilikata vichwa kwa mashine hadi 1977. Marekani ilianza kutumia kiti cha umeme mwaka 1890. Kwetu kitanzi kimo katika sheria tuliyorithi kwa Waingereza, ingawa hakijatumika tangu 1994. Msamaha uko mikononi mwa Rais.

Uislamu nao umeweka kisasi kwa aliyeua kwa makusudi. Lakini Sura ya Al-Baqara, aya ya 178, imewafungulia warithi wa aliyeuawa mlango wa kusamehe na kupokea dia. Basi swali si upanga au kamba tu, bali pia: ni nani anayeulizwa kabla ya roho kutolewa?

Songea hakuulizwa mjane wala yatima. Ilipofika Novemba 2023, Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alikwenda huko kuomba msamaha, akakutana na kizazi cha Nduna Songea. Miaka 117 ilikuwa imepita, na wa kuombwa walikuwa bado ni warithi.

Wallahu a'lam.