Kaya Kinondo: Msitu Uliolindwa kwa Miiko

Ukija Diani usiishie ufuoni. Kusini kidogo kuna Kaya Kinondo, msitu mtakatifu wa Wadigo, hekta 30 hivi. Haingii mtu hivi hivi. Nilipotembezwa huko nilifungwa kaniki kiunoni, kisha nikatajiwa miiko: usipige kelele, usitoke na kitu, hata jani. Mwenyeji wetu akatueleza mti upi ni dawa ya nini. UNESCO iliutia msitu huu, pamoja na kaya nyingine za Wamijikenda, katika urithi wa dunia mwaka 2008. Lakini jamani, kabla ya hapo uliokolewa na nini? Ni miiko hiyo hiyo ya wazee! Kwengineko pwani miti imekatwa, mahoteli yamejengwa. Vijana tukiidharau miiko, tutabakia na kibao cha njiani, msitu hakuna.