Umemwuliza Mwenyewe?

Muhula uliopita nilikuwa kiranja wa bweni, na katika cheo hicho nilitoa hukumu moja ambayo hata leo naionea haya. Naieleza hapa kwa sababu imenifunza jambo la sheria ambalo yafaa kila msomaji wa gazeti letu alijue, awe mwanafunzi, mwalimu au mzazi.

Asubuhi moja ndoo yangu ilipotea. Niliitafuta bweni zima, nikaikuta chini ya kitanda cha mtoto mmoja wa kidato cha kwanza. Alipofungua kinywa, "Kaka, mimi si—", nilimkatiza, nikamwandikia adhabu ya kufyeka nyasi nyuma ya jiko kwa siku tano. Siku ya nne alinijia kijana wa kidato cha pili kuniomba radhi. Yeye ndiye aliyeiazima ndoo alfajiri, na kengele ilipolia akaiacha mahali pale. Nilikwenda kwa mwalimu wa bweni kuungama. Hakunikaripia. Aliniuliza maswali mawili tu: "Ulimwuliza mwenyewe? Na ndoo ilikuwa ya nani?"

Nilisoma baadaye kwamba maswali hayo ndiyo nguzo mbili za kile wanasheria wanachokiita haki ya asili. Nguzo ya kwanza ni kwamba mtu asihukumiwe kabla ya kusikilizwa. Ya pili ni kwamba mtu asiwe hakimu katika shauri lake mwenyewe. Wengi hudhani kanuni hizo ni za mahakamani tu. Sivyo. Huwafunga pia maofisa, bodi, mabaraza na kamati, maana hao nao waweza kumfukuza mtu kazi au kumnyang'anya leseni.

Tutazame mifano miwili ya Uingereza. Charles Ridge alikuwa mkuu wa polisi wa mji wa Brighton. Mwaka 1958, baada ya mahakama kumwachilia katika shauri la jinai, kamati iliyosimamia polisi ilimfukuza kazi bila kumpa mashtaka wala kumwita ajitetee. Mwaka 1963 Baraza la Malodi, ambalo wakati ule lilikuwa mahakama ya mwisho ya rufani, lilitamka kwamba uamuzi ule ni batili. Halikusema kwamba Ridge hana kosa. Lilisema kwamba hakusikilizwa.

Mfano wa pili ni wa zamani zaidi. Mwaka 1852 Baraza hilo hilo lilitengua amri ya Lord Cottenham, hakimu mkubwa kabisa wa nchi, kwa sababu alikuwa na hisa katika kampuni ya mfereji aliyoipa ushindi. Hakuna aliyedai kwamba alipendelea kwa kusudi. Hata hivyo, mwenye faida katika shauri hafai kuliamua, kwa kuwa aliyeshindwa hataweza kuiamini hukumu.

Kwetu Tanzania, Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya mwaka 1977 huagiza kwamba haki na wajibu wa mtu vinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine, mtu huyo apewe nafasi ya kusikilizwa kikamilifu, na awe na haki ya kukata rufani. Kusikilizwa ni kuambiwa kosa unaloshutumiwa, kupewa muda wa kujiandaa, na kujibu mbele ya mtu asiye na upande.

Wako watakaosema kwamba kosa likiwa wazi, kumsikiliza mkosaji ni kupoteza wakati. Nami nilidhani hivyo. Ndoo si ilikuwa chini ya kitanda chake? Jambo langu lilikuwa wazi kabisa, nalo halikuwa kweli. Dakika moja ya kumsikiliza ingalitosha. Tena, mimi nilikuwa mlalamikaji, mpelelezi na hakimu, wote kwa pamoja. Na mwenye hasira ya ndoo yake hasikii vizuri.

Nilimwomba radhi mbele ya bweni zima, na siku ya tano nilifyeka mwenyewe. Lakini siku zile alizokwisha kufyeka sikuwa na njia ya kumrudishia. Ndugu zangu, wengi wetu kesho tutakaa nyuma ya meza za ofisi, tukishika kalamu juu ya riziki za watu. Kabla ya kuandika, tujiulize maswali mawili ya mwalimu wangu.